Beseni la ming'oko halina kesho

Kwa asiyeijua ming'oko: ni mizizi ya porini, myembamba kama vidole. Tunaichemsha, inaliwa kwa chumvi na pilipili. Mimi naiuza hapa Mtwara mwaka wa tisa sasa, mafungu ya 500 na ya 1,000. Asubuhi nakaa upande wa feri, kwa wanaovuka kwenda Msangamkuu. Jioni nazunguka na beseni kichwani. Kazi yake kubwa ni kuitoa mchanga. Na ukishaichemsha, ni ya leo. Kesho inateleza, hata mbuzi anaitazama mara mbili.

Kabla ya kuhamia hapa niliuzia mji mwingine, huku huku kusini. Siku moja mgambo wakaja na gari. Walipakia beseni, kopo la pilipili, mwavuli na kigoda alichonichongea marehemu baba. Hakuna aliyeandika chochote. Nilifuatilia siku mbili naambiwa mhusika hayupo. Siku ya tatu nikalipa faini, nikaletewa beseni jekundu. Langu lilikuwa la bluu, lina ufa niliouziba kwa plastiki ya kuyeyusha. Kijana aliyenihudumia hakuwa na ubaya, aliniita mama na kunipa kiti. Lakini angejuaje la nani ni lipi, wakati hakuna karatasi? Ming'oko yangu nilioneshwa pembeni, inzi wamejaa. Kigoda sijakiona mpaka leo.

Mwezi uliopita mpwa wangu anayesoma sheria alikuja likizo. Tukiwa tunasugua mchanga akaniambia, "Shangazi, India wana sheria ya watu kama wewe." Nikacheka. Akafungua simu akaanza kunitafsiria.

Ni ya mwaka 2014. Inasema mchuuzi hahamishwi mpaka wachuuzi wa eneo wahesabiwe na kupewa vyeti, na akihamishwa apewe notisi ya siku 30. Kamati ya mji inayopanga nani auzie wapi, angalau asilimia 40 ya wajumbe wawe wachuuzi waliochaguliwa na wenzao, na theluthi yao wanawake. Hapo nilikuwa namsikiliza nusu nusu. Kisha akasoma hili: wakichukua bidhaa zako lazima waziorodheshe, wakupe nakala yenye saini. Ukizifuata na kulipa kinachotakiwa, zisizooza wakurudishie ndani ya siku mbili za kazi. Zinazooza, siku hiyo hiyo.

Nikamwambia arudie.

Siku hiyo hiyo! Aliyeandika kifungu kile lazima aliwahi kumsikiliza muuza nyanya. Mpwa wangu akanipunguza kasi, akasema hata huko miji mingi imesuasua kuitekeleza, watu bado wanafukuzwa. Sawa. Ila mwenzangu wa kule ana kifungu cha kushika mkononi anapokwenda kudai.

Sisi hatuko mikono mitupu. Katiba yetu ya 1977, ibara ya 22, inampa kila mtu haki ya kufanya kazi, na ya 24 inalinda mali yake. Halafu Desemba 2018 vikaja vitambulisho vya machinga, yaani sisi wachuuzi wadogo, kwa shilingi 20,000, kwa ambao mauzo yao hayazidi milioni 4 kwa mwaka. Nilikuwa nacho, nilikivaa shingoni kama hirizi, na kweli kwa muda tulipumua. Mwaka 2021 likaja agizo la kutupanga upya, wenzetu wengi nchi nzima wakahamishwa kwenda maeneo yaliyotengwa. Sibishani na kupangwa, barabara ni ya wote. Ila agizo huja na lingine huliondoa, na kitambulisho changu hakikusema lolote kuhusu kigoda. (Na hilo neno machinga wengi wanasema limetoka kwetu, kwa Wamachinga wa Lindi. Jina tumelitoa sisi, angalau tungeulizwa.)

Nimenunua daftari la kurasa 48. Kila asubuhi kabla sijatoka naandika: beseni la bluu 1, mafungu 40, kopo la pilipili 1, mwavuli 1. Chini nachora mistari miwili: aliyechukua, saa.

Mpwa wangu aliliona, akasema, "Shangazi, hii haina nguvu kisheria."

"Najua," nikamwambia. "Nishikie upande huo tuinue sufuria."