Siku moja maishani mwangu: kutoka Bukhara hadi Samarkand kwa barabara

Saa kumi na moja alfajiri. Huamka kabla ya wasafiri wangu wote, kwa sababu saa moja ya ukimya ndiyo pekee ninayoipata mpaka usiku. Uzbekistan iko mbele ya Afrika Mashariki kwa saa mbili, kwa hiyo Dar es Salaam ilikuwa bado saa tisa za usiku na hapakuwa na mtu ofisini wa kunipigia simu. Baada ya kuswali nilitandaza vitu vyangu kitandani: bahasha ya fedha za viingilio, nakala za pasipoti, orodha ya dawa za watu watatu wenye shinikizo la damu, na karatasi ya vituo vya siku hiyo.

Kazi yangu ni kuongoza misafara ya watu wa kwetu katika nchi za mbali. Safari hii ya mwanzoni mwa Oktoba nilikuwa na wasafiri kumi na mmoja kutoka Dar es Salaam, Tanga na Mombasa, wengi wao wastaafu. Habari za majengo na wafalme ni kazi ya mwongozaji wa kienyeji, mwanamke wa Bukhara ambaye sote tulimwita Opa, yaani dada mkubwa, kama heshima ya huko inavyotaka. Mimi huangalia watu, fedha na saa, na siku hiyo saa ndiyo iliyonitoa jasho.

Saa mbili kasorobo asubuhi. Mizigo kumi na moja ilitakiwa kuwa ukumbini; ilikuwepo kumi. Mzigo uliokosekana ulikuwa wa Bi Mkubwa wa Tanga, mwalimu mstaafu, ambaye chumbani hakuwepo na simu hapokei. Nilitoka mbio nikamkuta kwenye hodhi la Lyabi-Hauz, lililochimbwa mwaka 1620, ameketi chini ya mforosadi akiitazama sanamu ya Nasriddin juu ya punda wake. Nasriddin kwa Wauzbeki ni yule mjanja tunayemfahamu sisi katika visa vya Abunuwasi, na Bi Mkubwa alikuwa ameshapiga naye picha tatu.

"Mwanangu, mbona unahema? Si tunaondoka saa nane?"

Kosa lilikuwa langu. Jana yake usiku Opa aliandika katika kundi letu la simu kwamba tunaondoka saa 8:00, nami nikaupitisha ujumbe ule bila kuugeuza. Kiuzbeki husema *soat*, neno lile lile la Kiarabu lililotupa sisi "saa", lakini wao huhesabu kuanzia usiku wa manane, na Bi Mkubwa, aliyefundisha watoto kusoma saa kwa miaka thelathini na kitu, alisoma nane akaelewa nane ya mchana. Nilimwomba radhi. Alinisamehe kwa maneno, lakini mpaka jioni aliendelea kunitajia saa nane kila alipopata nafasi.

Saa mbili na dakika arobaini. Tuliondoka. Treni ya kasi iitwayo Afrosiyob huzimaliza kilomita zipatazo 270 kati ya miji hii miwili kwa muda wa saa moja na nusu hivi, na wenzangu wengi katika kazi hii hawaelewi kwa nini mimi hung'ang'ania barabara. Sababu yangu ni kwamba anayepanda treni huona mji, kisha usingizi, kisha mji mwingine, akarudi nyumbani akidhani miji hiyo ilisimama peke yake jangwani, ilhali iliishi kwa vile vilivyokuwa kati yake: mashamba, visima, vyungu na nyumba za kulala wasafiri. Kwa wasafiri wangu Waislamu kuna jambo jingine pia. Walikua wakimsikia sheikh darasani akisema hadithi fulani "ameipokea Bukhari", na wengi hawakuwa wamewahi kufikiri kwamba jina lile limetokana na mji. Imam Bukhari alizaliwa Bukhara mwaka 810 na akazikwa Khartank, karibu na Samarkand, mwaka 870, kwa hiyo asubuhi ile tulikuwa tunatoka alikozaliwa tukielekea alikozikwa.

Vabkent tulisimama robo saa tu kuutazama mnara wake mwembamba wa matofali, uliojengwa kati ya mwaka 1196 na 1198. Ni mdogo wake mnara wa Kalon wa Bukhara, wa mwaka 1127, ambao tulikuwa tumeuona jana yake.

Saa nne asubuhi, Gijduvan. Mji huu una madrasa aliyoijenga Ulugh Beg, mtawala wa Samarkand, mwaka 1433, lakini watu huujia zaidi kwa ajili ya ufinyanzi, na hapa siharakishi mtu hata tukichelewa. Mfinyanzi aliketi kwenye gurudumu analolisukuma kwa mguu, akaliweka bonge la udongo katikati, na kabla mama mmoja wa Mombasa hajamaliza kutafuta miwani yake, bonge lile lilikuwa limekwisha kuwa bakuli. Rangi za Gijduvan ni za ardhi: kahawia, njano ya haradali, kijani cha majani makavu. Nilimwomba mwenyeji atugeuzie sahani moja kwenye mwanga wa dirisha ili watu waone kitu ambacho mnunuzi hukiona kama dosari: alama tatu ndogo, kila moja kama tundu la sindano, katikati ya sahani. Tanurini vyombo hupangwa kimoja juu ya kingine, na katikati yake huwekwa kiguu cha udongo chenye ncha tatu ili rangi inayoyeyuka isivigandishe pamoja; kiguu kinapobanduliwa, alama zake hubaki. Tangu nilipolijua hilo sinunui sahani isiyo na alama hizo. Bi Mkubwa alinunua mbili, akazifunga ndani ya kanga, akaniambia nizibebe mimi, kwa kuwa nilikuwa na deni lake.

Saa sita kasorobo. Baada ya Gijduvan bustani hupungua na ardhi hugeuka kuwa nyika ya rangi ya vumbi. Ndipo linapotokea, kando kabisa ya barabara kuu, lango la Rabati Malik likiwa limesimama peke yake. Hapa palikuwa nyumba ya kupumzikia misafara, iliyojengwa katika karne ya 11 na Shams al-Mulk Nasr, mtawala wa ukoo wa Karakhanid. Kuta zimekwisha, isipokuwa misingi inayokuonyesha vyumba vilikuwa wapi, lakini lango lenyewe bado lina mkanda wake wa nyota za matofali na maandishi ya Kikufi, mwandiko wa kale wa Kiarabu. Ukiacha lango na kuvuka barabara, ambayo malori huipita bila kupunguza mwendo, unafika kwenye sardoba, hodhi lililofunikwa kwa kuba la matofali, ambalo maji yake yaliletwa kwa mfereji kutoka mto Zarafshan. Tangu mwaka 2023 vyote viwili vimo katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO.

Ndani ya sardoba joto la nje hukatika ghafla kama umefungua mlango wa mtungi. Mzee mmoja wa msafara wetu, aliyefanya kazi ya maji maisha yake yote, hakutaka kusikia habari za wafalme. Alizunguka ukingoni taratibu, akainama, akagonga tofali kwa kifundo cha kidole, akauliza: "Opa, na tope walilitoa vipi? Maji ya mfereji hayaji bila tope." Opa alikiri kwamba katika miaka yote ya kazi hakuna aliyewahi kumuuliza swali hilo, akaliandika katika daftari lake, ambalo nao huliita *daftar*. Niliwaambia wenzangu wapige hesabu: ngamia wenye mizigo walikwenda kilomita thelathini au arobaini kwa siku, kwa hiyo safari yetu ya siku moja ilikuwa kwao juma zima. Hodhi kama lile likikauka, msafara haufiki.

Saa saba mchana. Gari letu, kama magari mengi ya huko, linatumia gesi ya methani, na gesi ilikuwa inaelekea kwisha. Sheria ni kwamba abiria wote hushuka nje ya geti kabla gari halijaingia kujaza, wazee kwa vijana. Foleni ilikuwa ndefu, nasi tuliketi kwenye benchi kando ya barabara kwa dakika arobaini na tano, tukitazama wachumaji wa pamba waliotawanyika shambani ng'ambo, na safu ya miforosadi iliyokatwa vichwa kwa sababu majani yake ndiyo chakula cha viwavi wa hariri. Dereva, tuliyemwita Aka, yaani kaka mkubwa, alirudi akiweka mkono kifuani kutuomba radhi, ingawa foleni haikuwa kosa lake. Hapo nilifanya uamuzi niliokuwa nikiukwepa tangu asubuhi: kaburi la Timur, mfalme wa kale wa Samarkand, liitwalo Gur-e-Amir, tungeliona kesho yake.

Saa nane mchana, mgahawani karibu na Navoi. Bi Mkubwa aliiangalia saa yake, akatangaza kwa sauti kwamba sasa ndiyo saa nane halisi na yeye yuko tayari kuondoka. Kicheko kilitusaidia, maana pilau ilikuwa imekwisha. Pilau ya Wauzbeki, wanayoiita *osh*, hupikwa kwa sufuria kubwa la chuma na kuliwa adhuhuri. Anayechelewa hula kingine. Tulikula mishikaki ya kondoo, na *somsa*, ambayo ni sambusa iliyookwa kwenye ukuta wa tanuri la udongo badala ya kukaangwa. Mjadala wa pilau uliendelea hata bila pilau yenyewe: karoti nyingi namna ile, bizari nyembamba, lakini bila karafuu wala iliki, na mama wa Mombasa akahukumu kwamba huo ni wali mzuri uliopewa jina kubwa.

Chai ilipokuja nusura ilete ugomvi. Mhudumu alimimina bakuli moja ya kwanza, akairudisha kwenye birika, akafanya hivyo mara tatu, kisha akamwekea kila mtu chai isiyofika hata nusu. "Tumelipia nusu?" aliuliza Mzee. Opa akaeleza kwamba mgeni akijaziwa bakuli mpaka juu ni kama kuambiwa anywe aende zake, bali akipewa kidogo kidogo, mwenyeji hupata sababu ya kumhudumia tena. Mzee akanywa bakuli sita.

Tuliswali adhuhuri na alasiri pamoja, tukaondoka saa tisa.

Saa kumi na mbili kasorobo jioni, Samarkand. Kutoka Navoi hadi hapa karibu gari zima lililala, nami sina la kusimulia isipokuwa mikate. Mikate ya Samarkand ni mizito, inang'aa juu, na hukaa siku nyingi bila kuharibika. Tulinunua mitano barabarani, na Aka akamgeuzia kijana wetu mmoja mkate aliouweka kifudifudi, bila kusema neno, kwa kuwa kwao huko ni kuukosea heshima mkate.

Badala ya kwenda hotelini kwanza, nilimwambia Aka atupeleke moja kwa moja Registan, uwanja mkuu wa kale wa mji, kabla jua halijazama. Madrasa tatu zimeuzunguka uwanja mmoja: ya Ulugh Beg, iliyokamilika mwaka 1420, Sher-Dor, iliyojengwa kati ya 1619 na 1636, yenye wanyama wawili kama chui wenye milia langoni, kila mmoja akibeba mgongoni jua lenye uso wa mtu, na Tilya-Kori, iliyoanzwa mwaka 1646, yenye dhahabu ndani. Laiti tungefika saa kumi kama nilivyopanga, tungevikuta vigae vile kwenye mwanga mkali uliovipausha. Tulivikuta vikiwa vya samawati nzito, na kabla hatujamaliza kuhesabu nyota za ukuta mmoja, taa zikawashwa. Bi Mkubwa aliketi ngazini, akavua viatu, na kwa nusu saa nzima hakunitajia saa.

Saa nne usiku. Niligawa dawa, nikalinganisha risiti na fedha zilizobaki, nikaandika taarifa ya ofisi na kueleza gharama ya gesi. Mwisho nikaandika ujumbe wa kundi, safari hii kwa uangalifu: "Kesho tunaondoka saa tatu kamili asubuhi, saa ya Kiswahili, ambayo kwa wenyeji wetu ni saa tisa. Kwanza Gur-e-Amir."

Jibu la Bi Mkubwa liliingia kabla sijazima taa: "Nimeelewa. Saa tisa alasiri. Usiku mwema, mwanangu."