Mbuzi ya bibi iko ukutani

Wiki ya tatu hii tangu nirudi Unguja baada ya miaka 19 Uingereza, na kinachoninyima usingizi si umeme, si joto, wala bei za soko la Darajani. Ni mbuzi ya kukunia nazi.

Nyumba ya bibi ipo palepale Mkunazini. Warithi hawakuelewana, ikakodishwa, na aliyekodi kaifanya nyumba ya wageni. Hilo niliambiwa kwa simu, nikalia siku yake, nikamaliza. Nisiloambiwa ni kwamba mbuzi ya bibi imetundikwa ukumbini, juu ya kochi lenye mito myeupe, na taa ndogo inaimulika. Wameipaka vanishi. Kile kibao alichokikalia bibi kila mchana, kikalainika hadi kikafanya bonde upande wa kushoto kwa sababu ya nyonga yake mbovu, kimetobolewa kwa skrubu mbili, katikati ya bonde lenyewe. Chuma kimechomoza juu kama jogoo anayetaka kuwika. Nikanyoosha mkono niiguse. Kijana wa mapokezi, mwenye adabu zake, akaniambia, "Samahani mama, hiyo ya kuangalia tu."

Ya kuangalia tu! Mimi nilikuwa nikiishi Preston, zamu za usiku, nyumba ya kulelea wazee. Kuna mchoraji anaishi mji ule, Lubaina Himid; akiwa profesa wa chuo kikuu cha hapohapo, mwaka 2017 alishinda tuzo ya Turner, tuzo kubwa ya sanaa ya Uingereza, kwa umri wa miaka 63. Niliposikia kazaliwa Zanzibar nikavimba, nikawaambia wenzangu kazini "huyo wa kwetu", utadhani nimemlea. Kazaliwa 1954. Baba yake, mtu wa Visiwa vya Ngazija, yaani Komoro, alikufa kwa malaria mtoto ana miezi minne, na mama yake Mwingereza, mbunifu wa vitambaa, akarudi naye kwao. Miezi minne! Mtu anakumbuka nini hapo?

Lakini tazama anachochora. Anachukua droo kuukuu ya mbao, ya kutia soksi na leso, anachora mtu mweusi ndani yake, ukiivuta unakuta macho yanakutazama. Sisi droo tunaiita mtoto wa meza; yeye kamtia humo mtu mzima. Anachora kanga na maneno yake. Mwaka 2007 alikusanya vyombo vya zamani 100, masahani, mabakuli, majagi, akachora juu yake watumishi weusi waliotumwa baharini kama bidhaa, na mabwana na mabibi wa mji wa Lancaster wanaotapika, kwa kuwa mji huo ulikula sana faida ya utumwa. Nilisimama mbele ya kazi za mama yule nikamwonea huruma: masikini, anajijengea nyumba asiyoijua kwa vyombo vya watu.

Sasa namwonea wivu. Yeye hana ukumbi wa kumsuta.

Maana nilikuwa nimewahadithia wanangu zidaka za chumbani kwa bibi, vile vishimo vya ukutani vya kuwekea vyombo, tisa, kila kimoja na sahani yake ya Kichina. Nikapanda juu kuziangalia: ukuta mtupu, mweupe pe. Nikaamini mpangaji kaziziba kwa saruji. Nikaenda kwa shangazi Kikwajuni nimefura, nataka twende tukamshitaki.

Shangazi akacheka mpaka kanga ikamtoka kichwani. "Zidaka? Kwetu? Hizo zilikuwa kwa jirani, mwanangu. Wewe ulikuwa ukishinda kule kwa sababu ya televisheni yao. Sisi tulikuwa na kabati la wavu, tena mguu mmoja tumelitia tofali."

"Na mbuzi je?"

"Mbuzi ipi? Ya mama tuliitia motoni masika moja, kuni zimerowa. Hiyo ya ukutani kaja nayo mwenyewe mpangaji."

Nikamwambia bonde lile la kushoto nimeliona kwa macho yangu. Akajifunga kanga yake upya. "Kila kikongwe ana nyonga."

Mnaojiandaa kurudi, masahani yenu ya Uingereza yaacheni hukohuko, hakuna anayeyahitaji. Mbuzi pia msitafute. Nazi Darajani inakunwa kwa mashine, unangojea na kopo lako mkononi, dakika mbili. Kama mnaye ndugu huku, mwambieni apige picha za vyumba: ukuta, rafu ya jikoni, nyuma ya mlango. Picha za harusi tunazo za kutosha, mabibi harusi hata majina hatuyakumbuki. Na wanangu sijawapigia simu bado. Zidaka tisa nitazifanyaje?

Jana nimerudi kule ukumbini. Kijana alikuwa akiandikisha wageni, hakuniona. Nikaweka kiganja kwenye kibao, nikapima. Bonde liko kushoto.