Watu wa Adulamu

Somo: 1 Samweli 22:1–2, 23:1–13

Daudi alipokimbilia pango la Adulamu, waliomfuata hawakuwa mashujaa wenye majina, bali watu kama mia nne waliokuwa na dhiki, madeni na uchungu moyoni. Fungu hili limenikumbusha timu ya futiboli ya Kimarekani ya Chuo Kikuu cha Indiana, katika msimu wa 2024.

Mwaka 2023 timu hiyo ilishinda michezo 3 na kupoteza 9, na wala hakuna aliyeshangaa. Kocha mpya, Curt Cignetti, alikuja na wachezaji 13 kutoka James Madison, chuo ambacho vigogo wa mchezo huo hawakukihesabu. (Alikuja na majigambo pia, akiwaambia waandishi kwamba yeye hushinda, na asiyeamini amtafute mtandaoni, Mithali 27:2 ingemfaa.) Timu ikashinda michezo 10 ya kwanza mfululizo, jambo ambalo halikuwahi kutokea katika historia yake, kisha ikafuzu kuwania ubingwa wa taifa miongoni mwa timu 12.

Aliyeongoza mashambulizi, Kurtis Rourke, alikuwa Mkanada aliyehamia kutoka chuo kingine kisichovuma. Msimu ulipokwisha ndipo ilipojulikana kwamba alikuwa akicheza huku kano ya goti lake la kulia imechanika tangu mazoezi ya Agosti.

Sithubutu kusema kwamba Mungu aliishabikia Indiana. Ninachokiona ni kwamba wageni wale walikabidhiwa kazi mara walipofika, ilhali kwetu mwamini akihamia kutoka kanisa dogo la kijijini, tunamkaribisha kwa makofi na vigelegele, kisha tunamwacha kwenye benchi la nyuma hadi tutakapojiridhisha ni mtoto wa nani, hata kama kwaya haina mwalimu na watoto wa shule ya Jumapili hawana wa kuwafundisha.

Indiana ilifungwa na Notre Dame 27 kwa 17 katika mchezo wake wa kwanza wa mtoano, na papo hapo wakatokea waliosema kwamba haikustahili kuwapo. Watu wa Daudi nao waliwaokoa wenyeji wa Keila mikononi mwa Wafilisti, na BWANA akamwambia Daudi kwamba wenyeji haohao wangemtia mikononi mwa Sauli. Wakaondoka Keila bila shukrani ya mtu, nao kwa wakati huo walikuwa wamefika kama mia sita.