Waya za juu ya bawa

Jumapili, usiku.

Kila nikirudi kwenye habari za Brooklands, mawazo yangu hunasa kwenye waya zilizoshikilia mabawa ya ndege za mwanzo.

Uwanja ule wa mbio za magari, huko Surrey, Uingereza, ulifunguliwa 1907: barabara ya zege ya karibu kilomita 4.4, upana mita 30, kona zimeinuliwa kama ukuta hadi karibu mita 9. Ndani ya mzunguko ulipita mto Wey, na palikuwa na shamba la majitaka. Oktoba 1909 Mfaransa Louis Paulhan aliruka hapo na ndege ya Farman, umati ukajaa. Mwaka uliofuata Hilda Hewlett na Gustave Blondeau wakafungua shule ya urubani. Mwanafunzi aliyezimikiwa na injini alijua pa kuangukia: zege, mto, au majitaka. Majitaka yalikuwa laini, angalau.

Injini yenyewe, Gnome ya nguvu farasi 50, ilikuwa kituko. Silinda zote 7 zinazunguka pamoja na rafadha, shafti imetulia. Petroli hupitia tumbo la injini kwanza, kwa hiyo oili ya kawaida ingeyeyushwa na kusombwa. Ndiyo maana ya mafuta ya mbarika, ambayo hayachanganyiki na petroli kirahisi. Hayarudi kwenye tangi. Humrukia rubani usoni, na akiyameza, tumbo linajua. Akitaka kutua hubonyeza kitufe kukata cheche, anaachia, anabonyeza tena. Akikawia, plagi zinalowa na injini haiwaki.

Septemba 1913 rubani Mfaransa Adolphe Pégoud akaja hapo Brooklands na ndege ya Blériot, akapindua ndege miguu juu mbele ya watu. Wengi walitazama mikanda ya mabegani. Mimi natazama juu ya bawa. Ndege ikiruka kawaida, waya za chini ndizo zinazobeba. Za juu hushikilia bawa lisianguke ikiwa chini. Ukipindua, kazi inahamia juu, kwa hiyo ya Pégoud iliimarishwa huko. Zile za ukingo wa nyuma wa bawa huwezi kuzikaza tu ukamaliza, maana ndizo zinazokunja bawa kuisawazisha ndege, na husagika zinapopita kwenye kapi.

Halafu kuna urefu wa nguzo iliyo juu ya kiwiliwili cha ndege, ambako waya za juu hufungwa. Waya ukiinuka nyuzi 30 kutoka kwenye bawa, hubeba mvuto mara 2 ya mzigo. Nguzo ikiwa fupi, ukalala nyuzi 15, ni karibu mara 4.