Mwili Uliofungwa kwa Chuma

Wapendwa, juma hili tusome Zaburi ya 22, na tukifika mstari wa 17 tusiupite haraka: "Naweza kuihesabu mifupa yangu yote; wao wananitazama na kunikodolea macho."

Mstari huo umenikumbusha Frida Kahlo, mchoraji wa Meksiko. Akiwa na miaka 6 alipata polio, ikamwacha na mguu mmoja mwembamba. Tarehe 17 Septemba 1925, akiwa na miaka 18, basi alilopanda likagongana na tramu. Chuma kikampenya nyonga, na uti wa mgongo ukavunjika. Alilala kitandani miezi mingi. Wakamwekea kitandani kiegemezo cha kuchorea, na kioo juu ya kichwa chake, naye akaanza kujichora.

Baada ya hapo ni upasuaji juu ya upasuaji, na vizibao vya plasta, ngozi na chuma vya kuushikilia mgongo. Vilimwezesha kuketi, na vilimbana. Vile vya plasta alivipaka rangi akavichora picha. Mwaka 1944 alijichora amepasuka katikati, mahali pa uti pana nguzo iliyovunjika vipande, mikanda ya kizibao ikiuzuia mwili usiachane, misumari imemchoma kila mahali. Machozi yanamtiririka, lakini macho hayakwepi.

Hakuwa mtu wa kanisa, wala simleti hapa kama mtakatifu. Namleta kwa sababu alisema wazi akiwa bado anaumwa, na sisi waumini mara nyingi hatumpi mgonjwa ruhusa hiyo. Tunampa nafasi ya kushuhudia akishapona. Sasa huyu anayejidunga insulini kila siku, yule mwenye betri ya moyo kifuani, na yule anayesafishwa damu kwa mashine mara tatu kwa wiki kwa sababu figo zimekufa, watashuhudia lini? Mashine ni jibu la maombi, naam, na tunamshukuru Mungu kwa walioibuni. Lakini mtu hutoka pale hoi, na keshokutwa anatakiwa kurudi. Akisema amechoka nayo, tunamwona hana shukrani. Hilo linaniuma sana. Mwandishi wa Zaburi ya 88 alilia mchana na usiku, na zaburi yake ikaishia gizani; hakuna aliyemwongezea mstari wa ushindi, nasi tunaisoma hadi leo kama Neno la Mungu.

Tena mtazameni Bwana katika Yohana 20. Amefufuka, mauti imeshindwa, na bado anawaonyesha wanafunzi mikono na ubavu. Tomaso anaambiwa atie mkono wake palepale. Mwili wa utukufu ulikuwa na alama, na Yesu hakuzifunika.

Basi ukimtembelea mgonjwa wa muda mrefu juma hili, usianze kwa kumwambia utapona tu. Mwulize mashine ile inafanyaje kazi, sindano inaingilia wapi, usiku analalaje. Akitaka kueleza, msikilize mpaka amalize. Asipotaka, keti naye tu.

Tuombe. Bwana Yesu, uliyewaonyesha wanafunzi ubavu wako, uwe nao walioketi kwenye mashine saa hii. Wauguzi wao uwape mikono myepesi. Maji na umeme visikatike. Na yule anayeona aibu kusema kwamba amechoka, umpe mtu wa kumwambia. Amina.