M tatu kwenye jiwe la ukumbusho

Mwaka jana, mwezi wa Agosti, nilikosea herufi moja ya neno la Kiingereza, na kabla sijaligundua kosa hilo lilikuwa limekwisha kuchongwa kwenye marumaru. Neno lenyewe ni "commemorate". Lina herufi 11, na kati ya hizo M ni tatu: mbili zimefuatana, kisha moja iko peke yake baada ya E. Mimi niliandika M mbili tu, nikampa mteja karatasi, mteja akampa fundi wa mawe, na fundi, ambaye hutoza kwa kuhesabu herufi na hana sababu ya kumsahihisha mtu anayejiita mtafsiri, akachonga kile alichokiona. M moja haiwezi kusukumizwa katikati ya herufi zilizokwisha kuchimbwa. Jiwe la pili nililipia mimi, na ndiyo sababu nimekaa na neno hili kwa muda mrefu kuliko neno lingine lolote tangu nianze kazi hii hapa Dodoma.

Mteja alikuwa mzee wa upande wa Mvumi, mwenye umri wa miaka themanini na kitu, aliyekuja akiwa ameongozana na bintiye. Nilimwamkia, akaitikia, kisha akanisalimu kwa Kigogo "Mbukwenyi", salamu ya watu wengi au ya heshima, ingawa nilikuwa peke yangu, na tangu hapo akawa ananiita mwalimu, japo sijawahi kufundisha darasa lolote. Familia ilikuwa imeamua kumwekea jiwe babu yake, aliyechukuliwa kuwa mpagazi katika Vita Kuu ya Kwanza na hakurudi. Maandishi ya Kiswahili walikuwa wameyaandaa wenyewe. Walichotaka kwangu ni mstari wa Kiingereza chini yake, kwa ajili ya wajukuu walioolewa ng'ambo na watoto wao wasiosoma Kiswahili. Mzee akaniwekea sharti moja: neno la kumkumbuka babu liwe zito. Bintiye alikuwa amependekeza "remember", na mzee aliposikia kwamba neno hilohilo hutumika pia mtu anapokumbuka alikoweka funguo, alikataa katakata.

Kwa kiwango hicho mzee alikuwa sahihi kuliko baadhi ya kamusi ndogo zinazouzwa mitaani, ambazo huandika "kumbuka" mbele ya maneno yote mawili na kumwacha msomaji hapo. Kukumbuka ni jambo la moyoni, mtu huweza kulifanya akiwa amelala, bila shahidi. Neno tunalolizungumzia hapa haliridhiki na moyo peke yake, bali hudai tendo linaloonekana au linalosikika: ibada, hotuba, dakika moja ya kunyamaza, shada la maua, jiwe, stempu, kitenge kilichochapwa picha ya yubilei. Mtu akisema kwa Kiingereza kwamba alilifanya jambo hilo kimyakimya kitandani, atakuwa amelitumia neno vibaya. Tena kiima cha kitenzi hiki si lazima kiwe mtu. Jiwe, mnara au kibao cha shaba vinaweza kusimama vyenyewe mwanzoni mwa sentensi na kuifanya kazi hiyo mchana na usiku hata pasipo binadamu karibu, nasi kwa Kiswahili huielewa dhana hiyo vizuri, kwa kuwa husema mnara "unatukumbusha".

Na hilo "kumbusha" ndilo lililonifurahisha nilipofuata asili ya neno. Kitenzi kimetoka katika Kilatini. Ndani yake kuna "memor", yaani mwenye kukumbuka, ambalo likazaa kitenzi cha kumtia mtu mwingine kumbukumbu, kumtajia, kumsimulia. Kisha mbele yake kikawekwa kiambishi chenye maana ya pamoja, au cha kutia mkazo tu. Kwa hiyo tangu chimbuko lake neno hili ni la kukumbushana na si la kukumbuka tu, na tofauti hiyo sisi tunaibeba katika silabi moja ya mwisho. Waingereza walianza na nomino yake, "commemoration", katika karne ya 14, na kitenzi kikafuata mwishoni mwa karne ya 16. Mpangilio huo unaeleza kwa nini hadi leo neno lina harufu ya ibada: lilianza maisha yake ya Kiingereza likiwa karibu na madhabahu.

Waumini wa Dodoma hawahitaji kuelezwa sana jambo hili. Katika kalenda ya Kanisa Katoliki siku zimepangwa kwa madaraja, na Kiswahili cha liturujia kimeyapa majina: sherehe, sikukuu, kumbukumbu. Tarehe 2 Novemba ni Kumbukumbu ya Marehemu Wote, na jina rasmi la siku hiyo kwa Kiingereza linatumia nomino ileile iliyokitangulia kitenzi changu. Waanglikana nao, ambao ni wengi katika mkoa huu, katika kalenda zao za Kiingereza huitumia nomino hiyo kwa siku za watu watakatifu wa daraja la chini, zile zisizofikia hadhi ya sikukuu. Wote wawili wanaposoma Luka 22:19 hukutana na "fanyeni hivi kwa ukumbusho wangu", na mkate unaomegwa pale ni tendo, si wazo. Upande wa Waislamu, hitima inayosomwa siku ya arobaini ina umbo hilohilo: watu wamekaa, jina limetajwa, dua imesomwa, chakula kimeliwa.

Ugumu wa kweli huanza pale neno linapokutana na "kuadhimisha". Huku serikalini, ambako nusu ya kazi zangu hutokea, kila siku yenye jina ina maadhimisho: ya Uhuru, ya Muungano, ya Siku ya UKIMWI Duniani, ya Wiki ya Maji. Adhimisha limetokana na Kiarabu, lina udugu na "adhimu", na maana yake ya ndani ni kulifanya jambo liwe kubwa, kulitukuza. Kwa Muungano hapana shida. Lakini mtu anaposema "maadhimisho ya ajali" mimi husita, kwa maana hakuna anayetaka kuitukuza ajali. Treni ya abiria iliyorudi nyuma na kugonga treni ya mizigo karibu na Igandu tarehe 24 Juni 2002 iliua watu 281, na baadhi yao walizikwa hapa mjini bila kutambuliwa. Siku hiyo tunaikumbuka, tunaiombea. Hatuiadhimishi. Nadhani ni kwa sababu ya msito huo ndipo neno "kumbukizi" lilipoenea haraka katika magazeti na matangazo, likashika nafasi ambayo "maadhimisho" lilikuwa linaibana vibaya. Wapo wanaolidharau kwamba ni la kutungwa, lakini mimi nalitumia bila haya.

Kiingereza kina mtego wa namna hiyohiyo, ila umegeuzwa. Mtafsiri aliyezoea kwamba maadhimisho ni sherehe ataandika "celebrate" kila anapoona "adhimisha", na siku moja neno hilo litamwangukia mahali pa msiba. Nimewahi kuona, kwenye bango la taasisi moja nisiyoitaja, wageni wakialikwa kwa Kiingereza kusherehekea mwaka mmoja wa kifo cha mkurugenzi wao. Aliyeandika hakuwa na nia mbaya. Alikuwa na kamusi fupi. Tarehe 7 Aprili hutoa mfano ulio wazi zaidi. Hapa kwetu ni Siku ya Karume, kwa kuwa Sheikh Abeid Amani Karume aliuawa tarehe hiyo mwaka 1972. Kwa jirani zetu Rwanda ndiyo siku ya kuanza kukumbuka mauaji ya kimbari ya 1994 dhidi ya Watutsi, na wao wameuita msimu huo Kwibuka, kwa lugha yao yaani kukumbuka. Kwa Kiingereza siku hizo zote mbili zinalidai neno letu lenye M tatu, na neno la sherehe likitumika pale litakuwa tusi.

Kuna ukali mwingine, mdogo, kuhusu shamirisho. Wapo wahariri wanaosisitiza kwamba kinachokumbukwa kwa heshima ni tukio au mtu, si miaka iliyopita tangu hapo. Miaka hutimia tu. Kwa kanuni yao, tunaukumbuka Muungano wa 1964, wala si miaka 60 ya Muungano. Naielewa hoja hiyo, lakini Kiswahili kimekwisha kuamua kwamba "kuadhimisha miaka 60 ya Muungano" ni sawa, na hata Waingereza wengi hawaifuati kanuni yenyewe. Siwezi kupoteza mteja kwa ajili yake.

Nirudi kwa mzee, maana swali lililobaki lilikuwa lake, na lilikuwa zito kuliko tahajia. Siku alipokuja kuliona jiwe lenye kosa hakunikemea. Aliuliza tu, "Mwalimu, hilo neno linafaa kwa mtu asiye na kaburi?"

Nilimjibu kwamba linafaa, tena kwamba upo urasimu mzima uliolifanya neno hilo kuwa istilahi kwa watu wa aina hiyo. Mwaka 1917 Waingereza waliunda tume ya makaburi ya vita, ambayo leo inaitwa Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola, nayo ndiyo inayotunza makaburi ya wanajeshi yaliyopo Morogoro, Iringa na kwingineko nchini. Katika kumbukumbu zake, askari mwenye kaburi "amezikwa" mahali fulani, na asiye na kaburi linalojulikana hutajwa kwa kitenzi chetu, katika kauli ya kutendwa, kwamba anakumbukwa kwenye ukuta fulani, paneli fulani. Jina lililochongwa linashika nafasi ya mwili. Msingi wa tume hiyo ulikuwa kwamba kila marehemu atajwe kwa jina lake, na wote wawe sawa bila kujali cheo.

Nilitamani niishie hapo, lakini bintiye alikuwa na simu mkononi na alikuwa amekwisha kusoma. Mwezi wa Aprili 2021 tume hiyohiyo ilitoa ripoti iliyokiri kwamba usawa huo haukumfikia kila mtu. Kati ya watu 45,000 na 54,000 walikumbukwa kwa namna isiyo sawa na wenzao, na wengine wasiopungua 116,000, ambao huenda wakafikia 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakutajwa kwa majina, au pengine hawakuwekewa ukumbusho wowote. Ndani ya hesabu hiyo wamo wapagazi. Mnara wa Askari pale Dar es Salaam, uliozinduliwa mwaka 1927, una maandishi kwa Kiingereza, Kiarabu na Kiswahili yanayowataja wapagazi kuwa miguu na mikono ya jeshi, na yanayoahidi kwamba anayepigania nchi yake, hata akifa, wanawe watalikumbuka jina lake. Jina lenyewe, hata moja, halimo.

Mzee alisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema kwamba wao jina wanalo. Walichokosa ni mwaka. Majeshi ya Waingereza yaliingia Dodoma tarehe 29 Julai 1916, na kabla ya hapo Wajerumani walikuwa wamekusanya nafaka, ng'ombe na vijana wa Ugogo. Walipoondoka, walioingia nao wakakusanya vilivyobaki. Mvua zikagoma. Njaa iliyofuata, hadi mwaka 1920, Wagogo wanaiita Mtunya, na ni kwa jina hilo wazee walihesabu umri wao: aliyezaliwa kabla ya Mtunya, aliyezaliwa baada yake. Babu aliondoka kabla njaa haijakolea, na habari kwamba hatarudi iliwafikia wakiwa katikati yake. Zaidi ya hapo hakuna tarehe. Hapa mjini tuna mnara wa mashujaa, ambako kila tarehe 25 Julai mashada na silaha za jadi huwekwa kwa heshima, lakini sijawahi kuuona mnara wa Mtunya. Jina la njaa ndilo mnara wake, na ni jina linalofanya hasa lile ambalo kitenzi cha Kilatini kilikusudia mwanzoni: kutaja, kusimulia.

Kwa hiyo katika jiwe la pili, pale ambapo kwa desturi hukaa mwaka wa kufariki, familia iliamua yaandikwe maneno "wakati wa Mtunya". Mstari wa Kiingereza nikauandika upya, M tatu nikazihesabu kwa kidole mbele ya fundi, naye akazihesabu kwa penseli yake. Tulipofika kwenye Mtunya nilimwuliza mzee kama nilitafutie neno la Kiingereza, kwa ajili ya wale wajukuu wa ng'ambo. Akatikisa kichwa. "Hilo acha lilivyo," alisema. "Wakitaka kulijua, watapiga simu."

Fundi akanyanyua kichwa na kuuliza kama Mtunya inaanza kwa herufi kubwa.