Betri ya moyo ya Mama

Leo Mama kapanda ngazi zote za hapa kwetu bila kupumzika. Nimelia. Miezi mitatu iliyopita mapigo yake yalishuka hadi 34 kwa dakika, akawa anaanguka jikoni, nasi tukidhani ni presha tu. Pale Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete wakamwekea betri ya moyo chini ya ngozi, karibu na mtulinga wa kushoto, waya wake ukapitishwa kwenye mshipa hadi ndani ya moyo. Kumbe haisukumi damu, jamani! Inausikiliza moyo, pigo likichelewa, inatuma umeme kidogo sana, moyo unadunda. Alichomwa ganzi tu, yuko macho anaongea na daktari. Simu sasa anapokelea sikio la kulia, mbali na betri. Mwenye mzazi anayezimiazimia, ampeleke akapimwe umeme wa moyo.